Tom Mboya na ile hesabu ya tatu juu ya tano

Hebu tuanze na hesabu ya shule ya msingi. Nusu ukiongeza thuluthi moja unapata ngapi? Weka simu kando kwanza, jaribu kichwani.

Kama umejibu 2/5, hauko peke yako. Umejumlisha za juu kivyake, za chini kivyake, ukaridhika. Sasa angalia ulichofanya. Ulikuwa na nusu chapati, mtu akakuongezea thuluthi ya chapati nyingine, halafu ukabaki na 2/5, ambayo ni pungufu ya nusu uliyoanza nayo. Hapo kuna mtu amekula chapati yako.

Jibu ni 5/6. Unatafuta namba ndogo zaidi inayogawika kwa 2 na kwa 3, yaani 6. Nusu inageuka 3/6, thuluthi inageuka 2/6, ndipo unajumlisha za juu. Somo la Kiswahili lilikufundisha majina ya akisami hizi, kuanzia nusu, thuluthi na robo hadi humusi na ushuri. Labda halikukuambia kwamba vitabu vya hesabu vya Tanzania vinazo jina hata hizo namba mbili zenyewe. Ya juu huitwa kiasi. Ya chini huitwa asili. Asili ndiyo inayokuonyesha kitu kizima kimekatwa vipande vingapi, na vipande vya ukubwa tofauti havijumlishwi mpaka uvikate upya vilingane.

Shika hilo neno asili. Mtu ninayetaka kukusimulia alikulia katika nchi ambayo mshahara na kura vilipimwa kwa asili ya mtu, na miaka yake mingi aliitumia kung'ang'ana na hiyo namba ya chini.

Jina lake unalijua kwa sababu pengine unashukia matatu kwenye barabara yake pale katikati ya Nairobi. Thomas Joseph Odhiambo Mboya alizaliwa tarehe 15 Agosti 1930 huko Kilima Mbogo, karibu na Thika, katika shamba la mkonge la Mzungu ambako baba yake, Leonard Ndiege, alikuwa mnyapara. Kwao hasa ni Rusinga, kile kisiwa cha Ziwa Victoria unachovukia kutoka Mbita, kaunti ya Homa Bay. Baba alitoka kisiwani kutafuta kazi, kama wanavyofanya watu wa huko mpaka leo. Mtoto akakua kati ya Wakamba na Wakikuyu, akashika lugha zao pamoja na Kiluo na Kiswahili. Mwanasiasa mwenye lugha hizo zote mdomoni ni hatari, na wapinzani wake waligundua baadaye.

Alisomea shule za misheni: Kabaa huko Ukambani, kisha St. Mary's Yala, kisha Mang'u. Mang'u hakuendelea hadi mwisho kwa sababu karo ilikosekana, na yeye ndiye alikuwa mkubwa kwao. Mwaka 1948 akaingia mafunzo ya ukaguzi wa afya, akasomea katika Jeanes School, Kabete, mahali ambapo leo pana Chuo cha Serikali cha Kenya. Mwaka 1951 Jiji la Nairobi likamwajiri.

Kazi yenyewe ilikuwa kukagua maduka ya vyakula, nyumba na usafi wa mitaa, na kupima maziwa. Kuna kisa alichokisimulia mwenyewe katika kitabu chake. Siku moja alikuwa peke yake kwenye maabara, akaingia mama wa Kizungu na chupa ya maziwa ya kupimwa. Mama akatupa macho huku na huku, akauliza kama hakuna mtu. Mboya amesimama pale pale mbele yake. Kwa hesabu ya yule mama, chumba kilikuwa sifuri.

Sasa tuje kwenye pesa. Mwaka 1948 tume iliyoongozwa na Sir Maurice Holmes ilitoa ripoti kuhusu watumishi wa serikali katika Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Humo ndani mlikuwa na kanuni moja ambayo kila karani wa enzi hizo aliijua. Mwafrika au Mhindi mwenye cheti kile kile na kazi ile ile ya Mzungu angelipwa humusi tatu za mshahara wa Mzungu. Yaani 3/5. Haikuwa siri, wala haikuwa ubaya wa bosi mmoja. Ilikuwa imeandikwa. Jiji la Nairobi lilikuwa na viwango vyake tofauti na vya serikali, lakini hata pale mkaguzi Mwafrika alimwona mwenzake Mzungu akienda nyumbani na bahasha nene zaidi kwa kazi hiyo hiyo.

Tuipige hesabu hiyo vizuri, maana 3/5 ukiisikia haraka haraka si mbaya sana. Mshahara wa Mzungu kwa mwaka uite x. Wa Mwafrika ni 3x/5. Pengo ni x kutoa 3x/5. Huwezi kutoa mpaka x nayo ivae asili ya 5, kwa hiyo unaiandika 5x/5. Unabaki na 2x/5. Hiyo ni ya mwaka mmoja. Fanya kazi miaka mitano, 2x/5 mara tano ni 2x. Umemwachia mwajiri mishahara miwili mizima ya mwaka, na hukuiba siku hata moja. Ama igeuze: alichopata Mzungu kwa miaka mitatu, Mwafrika alikipata kwa mitano. Kodi ya nyumba nayo haikungojea.

Kanuni hiyo ilifutwa baada ya ripoti nyingine, ya Tume ya Lidbury, mwaka 1954. Ilifutwa kwenye karatasi. Mishahara ya msingi ikawa haiangalii rangi, halafu wageni kutoka Uingereza wakaongezewa marupurupu ya kuwavutia kuja. Unaona ujanja? Akisami iliondoka mlangoni, ikarudi kupitia dirishani na jina jipya.

Wakati huo Mboya hakuwa tena mkaguzi. Alikuwa ameongoza chama cha wafanyakazi Waafrika wa jiji, akakigeuza kikawa chama kamili cha wafanyakazi wa serikali za mitaa, na mwaka 1953 akaachana na jiji akashika uongozi wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi nchini. Umri wake miaka 23. Ilikuwa enzi ya hali ya hatari, KAU imepigwa marufuku, viongozi wako kizuizini. Vyama vya wafanyakazi ndivyo vilivyobaki kama mlango halali wa Mwafrika kusema kitu kikasikika nchi nzima.

Machi 1955 wafanyakazi wa bandari ya Mombasa waligoma, maelfu yao. Mboya akateremka pwani, akawashawishi warudi kazini ili kesi yao isikilizwe, kisha akaibeba mwenyewe mbele ya wapatanishi. Nyongeza iliyotoka ilifikia karibu thuluthi moja ya mshahara. Hesabu yake unaijua sasa: x ongeza x/3 ni 3x/3 ongeza x/3, jumla 4x/3. Kuli aliyekuwa akipata shilingi 3 sasa anapata 4. Jina la kijana huyu likaenea kutoka Kilindini hadi Kisumu.

Lakini ngoja kidogo, hapa ndipo hesabu inapouma. Chukua wale watu wawili wa mwanzo, wa x na wa 3x/5, uwape wote nyongeza ya thuluthi. Wa kwanza anafika 4x/3. Wa pili anafika 4x/5. Gawanya ya pili kwa ya kwanza uone. Unarudi kwenye 3/5 ile ile! Kila mtu ana pesa zaidi, na pengo kwa shilingi limekuwa kubwa zaidi. Nyongeza peke yake haigusi asili, hata ukigoma kila mwaka. Kanuni ya nani anapimwa kwa nini hutungwa bungeni, na bunge la Kenya wakati huo halikuwa na Mwafrika hata mmoja aliyechaguliwa kwa kura.

Mboya akaenda Uingereza mwaka mmoja, Ruskin College, Oxford, akasoma mambo ya uchumi na uhusiano wa kazi. Aliporudi mwishoni mwa 1956, uchaguzi wa kwanza wa Waafrika ulikuwa unakaribia, na sheria zake zilikuwa na akisami zao. Si kila mtu mzima aliruhusiwa kupiga kura. Ulihitaji elimu, mali, mapato au cheo fulani, na aliyekuwa na sifa nyingi alipewa kura hadi tatu. Kwa hiyo mwalimu mwenye cheti na ng'ombe angeweza kuwa watu watatu, na mama muuza samaki wa Rusinga akawa sifuri. Machi 1957 Mboya alimshinda wakili Argwings-Kodhek na kuchukua kiti cha Nairobi. Wakaingia Waafrika wanane: yeye, Oginga Odinga, Ronald Ngala, Daniel arap Moi, Masinde Muliro, Lawrence Oguda, Bernard Mate na James Muimi.

Wanane kwa Wazungu 14 waliochaguliwa. Hapo ukilinganisha za juu tu utasema: si mbaya, wanane kwa kumi na nne, ni zaidi ya nusu. Weka sasa za chini. Waafrika walikuwa zaidi ya milioni 6. Wazungu, hata nikitumia hesabu ya watu ya 1962, walikuwa kama 56,000. Gawanya. Kiti kimoja cha Mwafrika kilibeba watu 750,000. Kiti kimoja cha Mzungu kilibeba 4,000. Yaani Mzungu mmoja alikuwa na uzito wa Waafrika zaidi ya 187 bungeni. Linganisha na ile 3/5 ya mshahara, utaona kwamba kwenye mshahara walikuwa wamehurumiwa.

Wale wanane walikataa kuchukua uwaziri, wakadai viti zaidi. Waziri wa makoloni, Lennox-Boyd, akaja na katiba mpya iliyowapa sita vya nyongeza. Nane ongeza sita, 14. Kumi na nne kwa kumi na nne, serikali ikasema haya sasa mko sawa. Mboya na wenzake wakasema hatuko sawa. Magazeti ya walowezi yaliwaona watu wasioshukuru. Wewe umeshajua kosa liko wapi: wamesawazisha viasi, wakaacha asili. Milioni 6 kwa viti 14 bado ni watu zaidi ya 428,000 kwa kiti, na upande wa pili ni wale wale 4,000. Bado mtu mmoja ni sawa na mia moja na zaidi. Ndiyo maana dai lao halikuwa viti vya kuongezewa kidogo kidogo. Walitaka daftari moja la wapiga kura, mtu mmoja kura moja, kila mtu juu ya asili ile ile.

Lancaster House, London, Januari na Februari 1960, mlango ulivunjika. Bunge jipya lingekuwa na viti 65. Kati yake 53 vya majimbo, na 33 katika hivyo vikaachwa wazi kwa yeyote, maana yake kwa wengi, ambao ni Waafrika. Bado vilibaki 20 vya kutengewa wengine, lakini 33 ni zaidi ya nusu ya 65. Huko kwa walowezi wengine walianza kutafuta wanunuzi wa mashamba.

Halafu kuna hadithi ya ndege, ambayo wengi wenu ndiyo mmeisikia. Vijana wengi wa Kenya walikuwa wamepata nafasi katika vyuo vya Marekani, ila nauli ikawashinda. Mwaka 1959 Mboya alizunguka Marekani akihutubia na kuomba, na Septemba mwaka huo ndege ya kukodi ikaondoka Nairobi na wanafunzi 81. Waliochangisha ni pamoja na Jackie Robinson yule mchezaji wa besiboli, Harry Belafonte na Sidney Poitier. Mwaka uliofuata wakfu wa familia ya Kennedy ukatoa dola 100,000, na katika kundi la 1960 alikuwamo msichana wa Nyeri anayeitwa Wangari, ambaye ulimwengu ulimjua baadaye kama Profesa Wangari Maathai.

Kwa nini ndege ya kukodi? Hapa pana akisami za herufi, zile zinazowatisha watu kidato cha pili. Bei ya kukodi ndege nzima iite G. Wanafunzi ni n. Kila kiti ni G/n. Mahitaji ya kila mwanafunzi akifika, makoti ya baridi, vitabu, chakula, yaite K. Gharama ya mwanafunzi mmoja ni G/n ongeza K. Huwezi kuandika (G + K)/n, ingawa mkono unatamani, kwa sababu G inagawanywa na wote lakini K ni ya kila mmoja peke yake. Unaivisha K asili ya n kwanza, inakuwa nK/n, ndipo unaandika (G + nK)/n. Sasa cheza na n. Ndege ikibeba 40, kila kiti ni G/40. Ikibeba 80, ni G/80, nusu yake. Kila kijana uliyemwongeza alipunguza bei ya kiti cha wenzake. Ndiyo asili moja katika hadithi hii yote ambayo kuikuza kulimnufaisha kila mtu.

Tukija kwenye uchaguzi wa 1961, Mboya aligombea Nairobi Mashariki, jimbo ambalo wapiga kura wengi walikuwa Wakikuyu. Mpinzani wake mkubwa alikuwa daktari Mkikuyu aliyeheshimika, Munyua Waiyaki. Mboya, Mluo wa kisiwani, akachukua zaidi ya ushuri tisa za kura. Soma tena sentensi hiyo ukifikiria uchaguzi wowote ulioushuhudia wewe.

Uwaziri ulifuata: Kazi, kisha Sheria na Katiba, kisha Mipango ya Uchumi. Hapo kwenye Mipango ndipo ninapogombana naye. Mwaka 1965 serikali ilitoa Waraka Namba 10, na Mboya alikuwa mhimili wake. Ndani yake mna hoja kwamba pesa za maendeleo ziende kule ambako zitazaa zaidi na haraka, kwenye ardhi nzuri na mvua, ili jumla ya nchi ikue, kisha wengine wafikiwe. Hesabu ya jumla inakubali. Hesabu ya akisami inauliza swali. Chukua mfano wangu: keki ni 100 na eneo lenu mnapata 1/10, yaani 10. Keki ikikua hadi 150 na nyinyi mkashuka hadi 1/20, mnapata 7.5. Nchi imepanda, nyinyi mmeshuka, na kwenye taarifa ya habari ni sherehe. Rusinga yenyewe ni kisiwa cha mawe na mvua haba. Mwaka huo huo mchumi mmoja kijana aliukosoa waraka huo waziwazi katika jarida la East Africa Journal, na hakuwa adui wa Mboya, alikuwa rafiki: Barack Obama, baba wa yule aliyekuja kuwa rais wa Marekani. Swali lao halijafa. Ukisikia magavana wakivutana kuhusu ile asilimia 15 ya mapato, yaani 3/20, ambayo Katiba ya 2010 inasema isipungue kwenda kwa kaunti, ni hesabu hiyo hiyo.

Jumamosi tarehe 5 Julai 1969, mchana, Mboya alitoka kwenye duka la dawa katika Government Road, siku hizi Moi Avenue, akapigwa risasi. Obama huyo huyo alikuwa amekutana naye dakika chache kabla, akatoa ushahidi baadaye mahakamani. Kijana aliyeitwa Nahashon Njenga Njoroge alihukumiwa akanyongwa, na swali la aliyemtuma limebaki mitaani hadi leo. Mboya alikuwa na miaka 38. Zilibaki siku 41 tu afike 39.

Kwenye misa ya wafu Nairobi watu waliurushia mawe msafara wa Rais Kenyatta, polisi wakajibu kwa gesi ya kutoa machozi. Oktoba mwaka huo risasi zikalia Kisumu, chama cha KPU kikafutwa, Odinga akawekwa kizuizini. Watu wakaanza kuhesabiana upya, safari hii kwa kabila, na jimbo la kumpa mgeni ushuri tisa za kura likawa gumu kupatikana.

Mwili ulisafirishwa kwa barabara hadi Nyanza, ukavushwa hadi Rusinga, na watu walijipanga njiani kumwaga mchana na usiku. Kaburi lake liko huko, ndani ya jengo la mnara lililochongoka juu, ambalo wenyeji watakuambia limejengwa kwa umbo la risasi. Sanamu iliyo Moi Avenue iko hatua chache kutoka mahali alipoangukia. Ukipita hapo wakati wa mchana utakuta watu wamekaa chini yake wakila miwa na kungoja wenzao.